Kugonga kwa Tatu

Mjomba wangu alikuwa fundi wa kiwanda cha barafu, na wenzake walimwita Samaki. Jina lilianza siku alipoteleza akatumbukia kwenye tangi la maji baridi. Walipomtoa, hakushukuru. Aliuliza mbona wameharakisha.

"Mle ndani sikuwa na mwili," aliniambia. "Nilikuwa mwanga tu. Tangu nitoke, kila kitu kina ladha ya karatasi."

Basi akawa anarudi kwa makusudi, Jumapili mchana, kiwanda kikiwa kimefungwa. Alishinda na njaa siku mbili kabla, ati mwili mtupu hufika upesi. Mimi, msomi wa ukoo nisiyejua kusema hapana, nilipewa saa, daftari na kamba iliyofungwa kifuani mwake. Alilala majini pua tu ikiwa nje, akigonga ukuta wa tangi kila dakika. Akinyamaza, nivute.

Mama alishtukia alipomwona kaka yake hawezi kushika kikombe, vidole vimekufa ganzi.

"Kaka, unatafuta nini huko?"

"Dada, wewe hujawahi kufika."

"Na sina haja. Kufagia ua tu kunanishinda, nitaiweza mbingu?"

Tulicheka wote watatu.

Jumapili iliyofuata alinyamaza dakika ya nane, nikavuta. Alitoka akitetemeka kwa baridi na hasira.

"Nilikuwa mlangoni, mwanangu! Mlangoni kabisa!"

Akabadilisha sheria: nisivute mpaka agonge mara tatu. Nilijua ni kosa. Mtu aliyefika anakotaka atagonga kwa nini? Lakini niliona haya kumbishia mkubwa. Nikaiandika sheria daftarini, kwa mwandiko mzuri.

Safari iliyofuata alinyamaza dakika ya saba. Ya kumi na mbili, pua ikazama. Nilisubiri agonge huku nimekaza kamba mpaka ikanichubua viganja. Sijui nilisubiri muda gani kabla ya kuvuta. Daftarini hakuna kitu baada ya hapo.

Hakufa. Anaishi kwetu, kwenye kiti cha dirishani. Mama humlisha kwa kijiko, humfuta kidevu, humsimulia habari za majirani kana kwamba atajibu. Ila siku nyingine mkono wake hugonga kiti. Mara moja. Mara mbili. Mara tatu.

"Mpe maji mjomba wako," husema mama. "Ana kiu."

Nami huenda kuleta maji.