Sauti ya Eedo Kinywani mwa Zimwi

Nilipoisikia sauti ya shangazi yangu ikitoka kwenye kinywa cha zimwi, niliifunga kompyuta kwa kishindo hadi wateja wa duka langu wakageuka.

Tulikuwa watano, tuliojuana mtandaoni tu, kila mmoja na nchi yake. Sote tulipenda gemu moja la zamani la kutisha, na kwa mapenzi hayo tulikuwa tukiunda letu linalofanana nalo, kwa injini ya kisasa, yaani programu ya kuundia gemu, ambayo yeyote anaweza kuipakua bure. Mimi, huku Garissa, nilipewa kazi ya sauti. Nilirekodi upepo, mabati yakipigwa na mchanga, nyayo kwenye changarawe. Kisha nikaenda Wajir kumjulia hali eedo, dada ya baba, aliyenilea. Nikamrekodi kisimani akiwaita mbuzi wake waje kunywa. Nilipoituma sauti hiyo nilieleza wazi: hii ni ya kijiji, asubuhi, kabla ya hatari yoyote.

Mkuu wetu aliipunguza kasi, akaifanya nzito, akampa zimwi la gemu letu, mwanamke wa jilbabu anayekukimbiza mpaka akurarue.

Nikampigia. "Huyo ni shangazi yangu."

"Hakuna atakayemjua. Na waliojaribu kucheza wameogopa sana!"

"Anaita mbuzi."

"Wao hawajui hilo. Kwao inatisha tu."

Kwao! Basi mavazi ya mama zetu na lugha yetu ni vitisho vya kuchezea? Nilimwambia aitoe, la sivyo najitoa mimi. Akalifuta jina langu, sauti akaiacha.

Nilirudi Wajir kumwambia eedo mwenyewe. Aliisikiliza sauti ile, simu ikiwa sikioni, uso umekunjamana.

"Huyu anaumwa nini?"

"Ni wewe, eedo. Wamekugeuza zimwi."

"Mimi nimemla nani?" Akanirudishia simu. "Na wewe uliwapa bila kuniuliza."

Hasira yote niliyowabebea wale ilikuwa na sehemu yangu pia, nami nilikuwa nikiikwepa.

"Andika," akasema. "Waambie mwenye sauti amekataa."

Akasema kwa Kisomali, nikaandika kwa Kiingereza, na matusi yake sikuyalainisha hata moja. Hawajajibu. Juzi nimeona video ya kijana akicheza gemu hilo. Zimwi linaita, naye anapiga mayowe, anacheka, anaomba lirudie.