Sauti Niliyompa Nywele

Ninayoyasimulia hapa yalinipata mimi mwenyewe, mlangoni pa nyumba yangu, Free Area, Nakuru, jua likiwa bado linawaka. Sikuota, sikuwa na homa, wala sijawahi kuwa mtu wa kutetemeka ovyo. Nimefundisha Kiswahili katika shule ya upili kwa miaka mingi. Kazi yangu ni kuyapima maneno ya watu na kuyakosoa. Basi nawe yapime haya yangu upendavyo. Sitapunguza hata nukta.

Mwaka 2007, wakati wa likizo, nilikuwa nikitia sauti filamu za kigeni. Bwana Jaswant alikuwa na duka la video mjini, na nyuma ya duka alikuwa na kijichumba alichokizungushia magodoro ukutani ili kelele za barabara zisiingie. Niliketi humo na kipaza sauti, nikiitazama filamu na kuisimulia kwa Kiswahili, nikawa mama, mtoto, polisi na mzimu, wote kwa kinywa kimoja. Wasimulizi wengine walikuwa wanaume wa mbwembwe na mizaha. Jaswant alinitaka mimi kwa ajili ya mwigizaji mmoja tu.

“Mwalimu, huyu mama wa Japani hawezi kusemewa na mwanamume,” aliniambia. “Watu wanacheka badala ya kuogopa. Sasa hiyo ni filamu ya kutisha ama ni harusi?”

Jina lake hatukulijua, maana majalada yaliandikwa kwa Kijapani. Wateja walimwita Nywele, kwa sababu nywele zake zilifika kiunoni na mara nyingi ndizo zilizotangulia kuonekana. “Niaje boss, uko na mpya ya Nywele?” vijana waliuliza. Na mama mmoja muuza mboga alikuwa akisema kila Ijumaa, “Huyo Nywele akikuja kwangu nitamsuka bure. Labda hasira itaisha.”

Diski zilikuwa tisa, nami nilizipanga kwa umri wa uso wake. Katika ya kwanza ni mwanafunzi anayefia ndani ya lifti hata kabla hatujamjua. Katika ya pili anakufa vilevile, ila kwa kuchelewa kidogo. Katika ya nne ni muuguzi anayewaona wafu wodini, na hakuna anayemwamini. Kisha, akikaribia miaka thelathini, walimhamisha upande: akawa mfu mwenyewe. Hakurudi tena kwa walio hai. Hata katika tamthilia ya televisheni, iliyojaza diski tatu, alikuwa marehemu mke anayerejea kuishi na mume aliyekwisha kuoa tena. Niamini, nilisoma riwaya nyingi chuoni, lakini sijaona safari ya kazi iliyonyooka hivyo: alianza akikimbizwa, akaishia kukimbiza. Nami nilimheshimu. Hakupiga mayowe kama wengine. Alisimama tu, akainamisha kichwa, na chumba ulichokaa kikaonekana kupungua.

Katika diski ya tisa anafika mlangoni pa nyumba fulani, sweta yake ya kijivu ikichuruzika maji, na kusema mara tatu: *gomen kudasai*. Maandishi ya Kiingereza chini ya picha yalisema kwamba anaomba asamehewe. Mtoto aliye ndani anaitika, anafungua, na baada ya hapo hakuna anayepona. Nikatia sauti yangu: “Nisamehe. Nisamehe. Nisamehe.” Wiki hiyo nilikuwa na mafua, na kati ya neno la pili na la tatu nilivuta pumzi puani kwa nguvu. Nilitaka kurudia. Jaswant akakataa, alisema inasikika kama kilio.

Mwaka ukageuka. Aliyekuwa Nakuru mwanzoni mwa 2008 hahitaji kuelezwa. Kwa asiyejua, uchaguzi ulizua mapigano, jirani akamkimbia jirani, na tukakatazwa kutoka nje usiku. Niliishi na binti yangu Neema, wa miaka tisa, sisi wawili tu. Siku moja maduka yalipofunguliwa kwa saa chache, nilitoka kutafuta unga. Nilimwambia afunge komeo kwa ndani, nikamwachia amri moja: “Usimfungulie mtu yeyote. Usikie sauti yangu kwanza.” Je, wewe ungemwambia nini kingine?

Nilirudi yapata saa kumi na moja jioni. Nilipoingia getini nilimwona mwanamke amesimama mlangoni pangu, amenipa mgongo. Nilidhani ni mmoja wa waliofukuzwa makwao. Kisha nikaiona ile sweta ya kijivu, na nywele zilizofika kiunoni zikidondosha maji juu ya saruji, mwezi Januari, vumbi likipepea Nakuru nzima.

“Nisamehe,” alisema.

Umewahi kuisikia sauti yako ikitoka kwa mtu mwingine? Sisemi sauti inayofanana. Ilikuwa yangu, na matamshi yangu ya darasani.

“Nani?” Neema aliuliza kutoka ndani.

“Nisamehe.” Kisha akavuta pumzi puani, kwa nguvu, kama mtu mwenye mafua.

Nilisikia komeo likiguswa. Nilifungua kinywa nimwite mwanangu, nikakifumba papo hapo. Fikiri nami: nikiita, atasikia sauti ya mama yake, naye atafungua, na aliye karibu na mlango si mimi. Amri niliyompa ilikuwa imenifunga mdomo mimi mwenyewe.

“Nisamehe,” yule mwanamke alisema mara ya tatu.

Halafu Neema akasema, kwa ile sauti yake ya kubishana, “Wewe si mama. Mama yangu haombangi mtu msamaha. Enda huko!”

Hapo nguvu zikanirudi. Geti letu lilikuwa la mabati; niliokota jiwe nikaligonga hadi mkono ukafa ganzi. Mwanamke akageuka. Alikuwa yeye, nakuapia, lakini mzee kuliko katika diski zote tisa, uso wa filamu ambayo ilikuwa bado haijaigizwa. Akaniinamia kwa adabu, kama mgeni aliyekuta wenyeji hawapo, akazunguka pembe ya nyumba. Nyuma ya pembe ile kuna ukuta mrefu na hakuna njia. Nilipofika hakuwapo. Matone yake yaliishia ukutani.

Nilimwita Neema. Alikataa kufungua. Nilibembeleza, nikaahidi, nikataja jina la bibi yake. Wapi! Saa ya kutotoka nje ilikuwa inakaribia. Mwishowe nikafoka, “Neema, fungua huu mlango kabla sijakutandika!”

“Haya, huyo sasa ndiye mama,” akasema, akafungua.

Miezi kadhaa baadaye, mji ulipotulia, mwalimu mmoja wa kike kutoka Japani, aliyekuwa akijitolea kufundisha hisabati huko Rongai, alipita dukani nami nikiwapo. Jaswant akamwekea diski ya tisa ili amfurahishe. Yule mwalimu alicheka akafunika mdomo.

“Hapana, mwalimu! Haombi msamaha,” aliniambia. “Maneno ni hayo, lakini mtu akiyasema mlangoni, maana yake ni hodi. Kiingereza hakina neno hilo. Ninyi mnalo.”

Hodi! Neno ambalo nimelisema mlangoni pangu kila jioni ya maisha yangu, na ambalo Neema amelijibu kwa “karibu” na kufungua tangu alipojifunza kutembea. Ningetafsiri sawasawa, mwanangu angefungua. Mimi, ninayekata alama kwa kosa la silabi moja, niliponyewa mtoto na kosa langu mwenyewe.

“Basi turekebishe, mwalimu,” Jaswant alisema. “Ni neno moja tu.” Nilikataa, na tangu siku hiyo sijamtilia mtu sauti.

Neema sasa ni mtu mzima, anaishi Mau Narok. Mwaka jana nilimkosea, kosa la kweli, la kumsema vibaya mchumba wake mbele ya watu, na mchumba akaondoka. Nilikaa na jambo hilo wiki mbili, kisha nikasafiri hadi kwake. Nilipofika mlangoni nilisikia hatua zake zikija na komeo likivutwa. Nikasema, “Neema, nisamehe.”

Komeo likarudi mahali pake.

Niliandika kwenye karatasi nikaipitisha chini ya mlango. Alifungua baada ya saa nzima, akiwa analia, akaniomba nisilitamke tena neno hilo nikiwa nje. Silitamki. Hata ndani ya nyumba huliandika.

Duka la Jaswant lilifungwa zamani, na diski zilitawanyika kwa wateja. Huenda moja iko kwenye kabati lako. Ukiwa nayo, usijitie ujuzi wa kuitafsiri upya. Iache na kosa lake. Na ukisikia mlangoni mwanamke mwenye mafua akiomba msamaha kwa Kiswahili fasaha, usimwonee huruma, usimuulize yeye ni nani. Huyo si mimi. Mimi, kokote niendako, hugonga tu na kunyamaza.