Wote Tuliosaini Karatasi ya Mahari

Sijawahi kuiba hata kijiko cha kantini, lakini nimesimama mahakamani hapa Brussels, mshtakiwa wa tisa. Kosa langu? Nilisaini karatasi ya mahari.

Kijana wa rafiki yangu, watu wa Kivu, Kongo, wanaokaa Koekelberg hapa hapa mjini, alipotaka kuoa, mama yake alinifuata kwangu Schaerbeek. "Dada, wewe mutu ya Kigoma uko na mdomo. Donc, utatuongelea." Basi nikawa mshenga. Siku ya mahari nilibishania mbuzi ambao hakuna aliyewaona, maana walikuwa Bukavu. Nikatozwa faini ya kreti ya bia kwa kuketi kabla sijakaribishwa, nikashangilia mpaka sauti ikakauka. Mwishoni karatasi ikazungushwa, na kwa wenzetu hao kila aliyemo chumbani husaini. Tukasaini wote. Mpiga picha akasaini. Babu wa bwana harusi, aliyekuwa Bukavu kwenye simu, akasainiwa.

Mwaka wa pili wa ndoa, Jumapili moja, niko jikoni kwa rafiki yangu, tunakula ugali na sombe, kisamvu cha kwao. Sebuleni kijana wake akamfokea mkewe: "Ambia baba yako arudishe mbuzi zetu!" Rafiki yangu akaniangalia. Nikamwambia hizo ni hasira za njaa, tukacheka, nikaongeza ugali. Wiki hiyo hiyo mke akambeba mtoto wao, akaondoka.

Halafu zikaja barua. Mke ameshtaki kwamba anasumbuliwa kwa ajili ya mahari. Polisi walipomuuliza ni ndugu gani wanaomsumbua, aliwatolea ile karatasi, nao wakanakili majina yote ya upande wa mume kama orodha ya sokoni. Tulikuwa kumi na wanne! Mpiga picha alinipigia simu akilia. Babu alidaiwa kwenda kumgongea huyo binti mlango kule Laeken alikohamia, babu ambaye hajawahi hata kupanda ndege. Loh!

Mimi nilicheka, rafiki yangu hakucheka. Mpaka kesi iishe, hakuna kati yetu aliyeruhusiwa kumkaribia yule mke wala mtoto, na huyo ndiye mjukuu wake wa kwanza. Mara ya mwisho alimwona akitambaa. Kila Jumapili alinionyesha viatu vidogo alivyomnunulia, na kila baada ya miezi michache alivirudisha dukani akachukua vikubwa zaidi. Iliniuma, sifichi.

Siku ya kesi, jaji, mama mmoja mwenye miwani, alisoma majina akauliza babu yuko wapi. Wakili wetu akasema yuko Bukavu, ana miaka tisini, magoti yanamsumbua. Mpiga picha akaulizwa alimsumbuaje mlalamikaji. "Nilimwambia atabasamu," akajibu. Hapo hata askari wa mlangoni alicheka. Jaji akasema kusaini karatasi ya sherehe si kosa, na kuburuta ukoo mzima kwa ajili yake ni kuitumia mahakama vibaya. Akatufutia kesi sote. Shauri la mume peke yake likabaki, lisikilizwe siku nyingine.

Nikapiga kigelegele mle mle ndani. Nikakemewa. Sikujali.

Kwenye korido tukamkuta yule binti amemshika mtoto mkono, na mtoto kasimama. Nilijiandaa kumpasha, maneno ninayo tele tangu siku ya barua. Akaniwahi, akimtazama mkwe wake.

"Maman, juu ya ile majina mingi, pardon. Nilikuwa na hasira. Lakini siku ile ya mbuzi ulikuwa mu cuisine. Ulisikia. Ulinyamaza."

Nilidhani rafiki yangu atakana. Hakukana. "Njo kweli, mutoto yangu. Nilisikia."

Akapiga magoti pale sakafuni, akatoa viatu kwenye mfuko, akamvisha mjukuu wake. Vilimbana kidogo. Mtoto akatembea navyo hivyo hivyo, hatua tatu, nne, akaja kunishika sketi.

Ndipo binti akaniangalia. Kazi ya mshenga haiishi siku ya mahari. Ugomvi ukizuka, yeye ndiye wa kwanza kuinuka, na kila mtu kwenye korido ile alilijua hilo.

"Hata mimi nilisikia," nikamwambia. "Nilikuwa nakula."