Uyoga Tumboni mwa Fundi Yusufu

Siku yangu ya kwanza kama msaidizi katika chumba cha uchunguzi hospitalini, chaki ya shule ya jioni bado vidoleni, Daktari Mkuu alinikabidhi endoskopi: mpira mrefu mweusi wenye taa na jicho mbele, wa kuchungulia utumbo mpana. "Ukiuvunja," akasema, "usirudi nyumbani, hamia Kongo." Vita vilikuwa vimetufungia njia na mpira wenyewe ulikuwa mmoja. Niliuosha kwa heshima ambayo wanangu hawakuipata.

Yule bwana, naapa, angeona sisimizi akikonyeza jicho. Alitafuta polipu, kinyama kinachoota ukutani mwa utumbo kama uyoga; ukikiacha, miaka ikipita chaweza kugeuka saratani.

Kisha akapata uhamisho nje ya nchi. Siku yake ya mwisho kazini akaletwa Fundi Yusufu, mshona nguo wa mtaa wa Asiatique, anatokwa damu chooni. Daktari yule akishaondoka, hakungebaki mwingine wa kukata polipu. Mpira ukaingia kidogo, ukakwama kwenye uchafu.

"Mzee, umekula?"

"Apana, dokta. Mi nimefunga tangu alfajiri."

"Na kabla ya alfajiri?"

Mkewe akajibu kutoka mlangoni: "Daku tu. Maharagwe na ndizi. Tumeambiwa asile, lakini mutu atafunga namna gani bila daku?"

Daktari alicheka mpaka miwani ikamtoka. Akaagiza dawa ya kusafisha tumbo, jagi baada ya jagi. Nikamkumbusha kwamba njia ya kwake, mtaa wa Mutanga Nord, ingefungwa na askari jioni.

"Basi nitalala hapa. Mizigo itanisubiri."

Jua likishuka, utumbo uling'aa kama sahani ya bibi harusi. Nilikandamiza tumbo ili mpira upite kona, na uyoga ukatokea, mwekundu, una shina. Daktari akauvisha kitanzi cha waya kama anayevisha pete, nami nikashika mpini wake.

"Kaza. Polepole, bwana, unanyonga uyoga, si jambazi."

Nikakaza, yeye akapitisha umeme, shina likakatika bila tone la damu.

"Dokta," Fundi akauliza, "umeacha pindo?"

"Nimeacha kidogo, lisifumuke."

Jibu la maabara lilifika daktari ameshaondoka: haikuwa saratani. Hatukujua pa kumwandikia.

Sasa nimestaafu, Fundi bado anashona, na vijana huniuliza juu ya mashujaa wa miaka ile ya vita, wakingoja majina ya makamanda. Mimi huwatajia mtu aliyelala juu ya meza ya wagonjwa, viatu vyake chini ya kichwa, safari yake ikimngoja, ili mshona nguo mmoja arudi kwa mkewe.