Mchumba kabana mafaili ya tovuti yangu, ya awali hanipi

Admin, jina langu liache pembeni, Musoma ni ndogo na mhusika anasoma ukurasa huu. Mimi ni dada wa miaka 29, naishi Nyasho, nauza dagaa ninaowachukua Murangi. Wateja wa mikoani wananipata kupitia tovuti niliyotengenezewa na mchumba wangu. Yeye ndiye fundi wa mambo hayo na kwa kweli kazi anaijua.

Shida ilianza wateja walipolalamika kuwa tovuti inachelewa kufunguka, mtu anasubiri mpaka anakata tamaa. Mchumba akasema mafaili ni mengi na mazito, yale ya mwonekano na yale yanayoendesha vitufe. Akayaunganisha, akayabana, nafasi zikaondolewa na majina marefu yakawa herufi moja moja. Tovuti ikawa inafunguka ukigusa tu. Nilifurahi, nikampikia samaki.

Siku ya kupandisha bei ya dagaa nikafungua faili nibadilishe mwenyewe, kama alivyonifundisha zamani. Nikakuta mstari mmoja mrefu umeshikana kama ugali, sijui pa kuanzia. Tangu hapo bei, picha, hata namba ya simu ya kupokea oda, lazima nimpigie yeye. Kushuku nimezaliwa nako, lakini hapo nani asingeshuku?

Nikamwomba yale ya awali yanayosomeka. Akasema, "Nilishayafuta mama, yalikuwa yanajazaga kompyuta." Moyo haukukubali. Nikaenda Bunda kwa dada mmoja anayetengeneza tovuti, nikamwonyesha. Akacheka kidogo.

"Kubana siyo kosa dada yangu, wote tunabanaga. Lakini ya awali hatufutagi. Ukiyafuta, kesho utarekebishia wapi?"

Nilirudi nikamuuliza tena mchumba, safari hii nikimtazama usoni. Kumbe yapo. Wala hakuona aibu. "Nitakupa tukishaoana. Nikikupa sasa hivi utaniona wa kazi gani?" Nimeumia sana. Kama anaogopa kuachwa si angesema tu, kuliko kunidanganya huku anakula samaki wangu.

Jumamosi ng'ombe wa mahari wanapelekwa Butiama kwa baba. Baba mambo ya tovuti hayajui, na zizi ameshalipanua. Nilipogusia kuahirisha akanijibu, "Wakishaingia kwangu hawarudigi, binti yangu. Kama una neno liseme kabla." Neno ninalo. Ila nikimwambia nasita kuolewa kwa sababu ya mafaili ya kompyuta, atadhani nimerogwa.

Mchumba nampenda, hilo silifichi. Mama yangu mdogo ananiambia nivumilie, wanaume wote wana kitu wanachokificha. Sasa nishaurini ndugu zangu, niyadai kabla ng'ombe hawajafika hata kama ndoa itavunjika, au nikae kimya niolewe? Maana mtu anayeshikilia riziki yangu ili nikubali kuolewa, nikishaolewa atashikilia nini?