Kitambaa Kikavu

Kwa miaka ishirini na miwili kazi yake ilikuwa kufuta jiwe, na mtaa mzima ulimwita Mfutaji, wakiwemo waliolijua jina lake. Jiwe lenyewe lina ukubwa wa mkate, jeusi, limekaa juu ya meza ambayo mguu wake mmoja umewekewa kigae ili isiyumbe, katika chumba kilicho nyuma ya duka la misumari. Aliyefiwa huingia, hulipakata kama mtoto mchanga, na jiwe humpokelea huzuni yake. Likishapokea hutoa jasho. Huzuni hubaki humo, juu ya ile ya mababu wa kila mtu, na ndiyo sababu, wasemavyo, jiwe ni zito kuliko umbo lake. Mfutaji hulifuta kwa kitambaa cheupe, hukitumbukiza kitambaa kwenye ndoo ya maji, kisha hufungua mlango na kuwaambia ndugu waliokaa kwenye mabenchi neno moja: "Limepokea."

Neno hilo hulisema hata jiwe lisipotoa tone. Hiyo ndiyo kazi hasa. Kufuta angeweza yeyote mwenye mkono. Aibu ya maiti aijuaye mwosha, na mwosha hapaswi kuwa na mdomo.

Katika miaka hiyo yote alilifuta jiwe likiwa kavu mara nne. Tatu alizimeza. Ya nne ilikuwa ya jirani yake, fundi cherehani, mwanamke anayevishona vitambaa hivyo hivyo vya kufutia. Alifiwa na mume, akalipakata jiwe nusu saa, likabaki kama lilivyokuwa. Mfutaji alifuta pasipo na cha kufuta, akatamka neno lake mlangoni, akarudi nyumbani na kumkuta mkewe akipiga pasi. Alitaka tu kumchekesha.

"Jirani yako leo jiwe limemkalia kavu kama biskuti," alisema. "Usimwambie mtu."

Mkewe hakumwambia mtu. Alimwambia dada yake, ambaye kwa mahesabu yake si mtu, ni ndugu. Kufikia Ijumaa ilisemwa kwamba fundi alikuwa akimsubiri mumewe afe. Kufikia mwisho wa mwezi ilisemwa hakusubiri sana. Wenye harusi walichukua vitambaa vyao wakapeleka kwingine, maana nani avae gauni lililopita mikononi mwa mwanamke waliyemwita Mkavu? Fundi aliiondoa cherehani barazani akaihamishia uani, kando ya tangi la maji. Hakumuuliza mtu lolote. Wala hakuwa na haja. Chumbani walikuwa wawili, na mmoja alikuwa yeye.

Kila mwisho wa mwezi alileta vitambaa vipya, vimekunjwa mara nne. "Habari za kazi, jirani?"

"Nzuri tu," Mfutaji alijibu kwa miaka mitatu, akiangalia vitambaa.

Kisha akafiwa na kaka yake, fundi bomba, aliyemlea baada ya wazazi na kumfundisha kila kitu, kuanzia kunyoa ndevu hadi kufunga bomba lisivuje. Ikabidi atafutwe wa kufuta, kwani mfiwa hajifutii. Kamati ya mtaa ilikaa, ikafikiri kama kamati zinavyofikiri, ikamteua mtu aliye karibu zaidi na vitambaa.

Basi Mfutaji akaketi na jiwe mapajani, na fundi cherehani akasimama dirishani, kitambaa mkononi. Kosa la Mfutaji lilikuwa la mtu wa kazi ile. Badala ya kumlilia kaka yake, alilikagua jiwe. Alijua jasho huanzia pembe ya kushoto, akaikodolea macho pembe ya kushoto. Alivuta kumbukumbu ya mikono ya kaka yake iliyonuka gundi ya mabomba, akaipata, kisha akachungulia kama imefaa kitu. Haikufaa. Mwishowe aliinama akalipumulia jiwe kwa siri, kama mtu anayesafisha miwani. Alipoinua kichwa, fundi alikuwa anamtazama.

Mwosha huoshwa, alijisemea.

Fundi alilichukua jiwe. Alilifuta juu, chini na pembeni, bila haraka, kama mtu anayefuta kitu chenye maji. Alikitumbukiza kitambaa kwenye ndoo, akafungua mlango.

"Limepokea," alisema.

Shangazi yake alishusha pumzi benchini. Watu walimshika Mfutaji mkono, wakamsifu kwa uvumilivu, naye akaupokea kila mkono na kila sifa.

Wiki ikapita. Alijua analodaiwa, ila ujasiri wa kulisema hadharani hakuwa nao, hivyo akatafuta njia aliyoijua. Alimkuta mkewe akipiga pasi, akamweleza yote, hata lile la kulipumulia. "Usimwambie mtu," alimaliza, akaenda kusubiri.

Alisubiri kwa kinyozi. Kinyozi aliuliza tu kama apunguze pembeni. Alisubiri dukani. Kimya. Kwa mara ya kwanza tangu waoane, mkewe alikuwa ametunza siri.

Mwisho wa mwezi alikwenda mwenyewe kuchukua vitambaa. Huko uani fundi alikuwa na pini mdomoni, akimpima mteja aliyetanua mikono, na mwingine akingoja zamu. Mfutaji alisimama kando ya tangi.

"Siku ile jiwe langu lilikuwa kavu," alisema.

"Pole, mzee," alisema aliyekuwa akingoja. "Msiba bado mbichi, utasema mengi."

Fundi alitoa pini mdomoni moja moja, akazichomeka kwenye kisponji chake.

"Hilo la kwanza, jirani," alisema. "Na la pili?"

Mfutaji aliliacha tangi, akamsogelea. "Na siri ya jiwe lako niliitoa mimi. Nilipaswa kunyamaza, nikaenda kuichekea nyumbani kwangu."

Mteja aliendelea kutanua mikono, amesahau kuishusha. Fundi alimpa Mfutaji vitambaa vyake, vimekunjwa mara nne.

"Geuka," alimwambia mteja.

Kutoka pale hadi kwake ni nyumba sita. Alipofika, mkewe alikuwa ameketi kizingitini, habari zimeshamfikia.

"Siri moja tu nimekutunzia maisha yangu yote," alisema. "Moja."