Jioni Waliyomfuata Baba kutoka Uwanjani

Mwezi uliopita nilikwenda Kikwajuni kuhani msiba. Nilipokuwa navua viatu mlangoni, filimbi ya refa ikalia kutoka kiwanja cha jirani, nikakimbilia ndani na kiatu kimoja mguuni. Mtu mzima mimi, nna wajukuu. Ngoja nikwambie kwa nini.

Nilikuwa na miaka tisa, katika miaka ya hamsini, yalipoanzishwa mashindano ya kwanza ya kugombea kombe la Unguja nzima. Kabla ya hapo mitaa ilicheza yenyewe kwa yenyewe, na aliyefungwa alitaniwa wiki nzima, basi. Kombe lilipokuja watu walibadilika. Baba yangu alikuwa fundi cherahani, na pia refa. Mechi ya mwisho, mtaa wetu na timu ya shamba, nje ya mji, akapewa yeye aichezeshe. Mama alimwomba akatae.

"Nikikataa watasema naogopa," baba alijibu, akavaa kaptura yake nyeusi iliyopigwa pasi, akatoka.

Sisi tukabaki nyumbani. Bibi, mama yake baba, alikuwa anakuna nazi uani, mimi nachagua mchele. Kelele za uwanja wa Mnazi Mmoja zilitufikia, zikipanda na kushuka. Tulikuwa tunaongoza kwa pointi, sare tu ilitutosha kuchukua kombe. Mara kelele zikakatika. Bibi akaacha kukuna.

Baadaye ndipo tulipojua: dakika za mwisho beki wetu aliushika mpira, baba akawapa watu wa shamba penalti, nao wakafunga. Wakati ule tulichosikia ni vishindo vya miguu. Baba akaingia mbio, shati limechanika begani. Mama akatia komeo. Jiwe la kwanza likapiga bati, kisha jengine, kisha mengi. Nikajibanza chini ya kitanda cha bibi, nimeuma kanga nisilie.

"Toka nje, refa! Umetuuza!"

Unajua kilichonitisha zaidi? Sauti ile niliijua. Ilikuwa ya muuza maziwa, aliyeniita "mchumba" kila asubuhi.

Bibi akaelekea mlangoni. "Mama, usifungue," baba alisema, kwa sauti ndogo ambayo sikupata kumsikia nayo kabla.

Hapo tukasikia mtu akipanda barazani kwetu. Alikuwa yule beki, kijana wa nyumba ya pili.

"Niliushika," alisema. "Nnasema mwenyewe. Mkitaka kupiga, nipigeni mimi."

Wakampiga kweli. Tulisikia makofi, moja, mawili, matatu. Kisha nadhani haya ziliwashika, wakatawanyika huku adhana ya magharibi ikilia. Bibi akafungua, akamwingiza ndani, akamwosha damu mdomoni kwa maji ya chumvi.

Asubuhi muuza maziwa akapiga hodi kama kawaida. "Mchumba wangu hajambo?" Mama akatoa bakuli, akapimiwa, akashukuru. Mimi nilikuwa nyuma ya mlango, sikutoka. Baba hakuchezesha tena mechi. Yule beki alihamia Dar es Salaam kabla mashindano ya pili hayajaanza.

Nyumba ile haipo, ilibomolewa na mahali pake pamejengwa ghorofa. Hiyo siililii sana. Ninayemlilia ni yule mtoto niliyekuwa kabla ya jioni ile, ambaye akisikia sauti za watu wengi nje, hukimbilia mlangoni kutazama kuna raha gani.